Kalunguyeye Anatafuta wa Kumtukana

Hadithi iko mlangoni!
— Ifungulie!
Imekuja na nani?
— Na uongo wake!
Na ukweli je?
— Umebaki njiani, unatoa mwiba mguuni!

Haya, sogeeni. Mikono iendelee kumenya karanga, masikio yaje huku kwa shangazi yenu. Wewe Mabula, karanga zinakwenda kwenye ungo, siyo mdomoni, nakuona. Na yule anayesema hadithi za mchana zinaotesha mkia, aje anikague. Nimesimulia mchana maisha yangu yote na kwenye kigoda ninakaa vizuri tu.

Basi, palikuwa na kijiji kikiitwa Vichuguuni. Kilikuwa kijiji cha wanyama watupu, na kila mmoja alikuwa na kichuguu chake cha kuishi, shamba lake la mtama, na maneno yake ya kusema. Katikati palikuwa na ghala la kijiji, na mlinzi wa ghala alikuwa Fisi. Msiniulize nani alimchagua Fisi kulinda chakula. Alijichagua mwenyewe, akaonyesha meno, wenzake wakapiga makofi.

Mwaka mmoja moto ukachoma pori lote la ng'ambo ya korongo. Ukachoma majani, ukachoma magogo, ukachoma na makao ya Kalunguyeye. Kalunguyeye si mnamjua? Yule mdogo wa kukaa kiganjani, mwenye miba mgongoni, akishtuka tu, fyu! anajikunja anakuwa mpira. Ndugu zake wakatawanyika, kila mmoja na njia yake. Yeye akavuka korongo peke yake, chaka-chaka-chaka, miba imejaa majivu, akaingia Vichuguuni.

"Hodi!"

"Karibu!"

Bibi Kobe, mkubwa wa kijiji, akamletea kigoda. Ngiri akamletea maji. Kanga akamtandikia mkeka.

"Mgeni wetu, pole na safari," akasema Bibi Kobe.

"Mgeni wetu, kunywa," akasema Ngiri.

"Mgeni wetu, jinyooshe," akasema Kanga.

Kalunguyeye akakaa, akanywa, akajinyoosha. Roho ikamtulia. Akajisemea, hawa ni watu wema, hapa ndipo nitakapoishi.

Hajamaliza kujisemea, Ngiri akamgeukia Bibi Kobe, mkubwa mzima wa kijiji, akapaza sauti: "We bibi! Hicho chungu mgongoni utakitua lini? Au umekiiba unaogopa kukamatwa?"

Uwii! Kalunguyeye akajikunja, fyu! Akangoja kusikia mtu anapigwa.

Bibi Kobe akajibu: "Nitakitua siku utakaponawa uso! Tangu uzaliwe hujaonana na maji, hata mama yako alikutambua kwa harufu!"

Kalunguyeye akazidi kujikunja. Akangoja. Badala ya kipigo akasikia kicheko. Akachungulia kwa jicho moja. Ngiri anacheka mpaka anashika tumbo. Bibi Kobe anafuta machozi ya kucheka. Ngiri akanyoosha mkono, akachomoa upawa wa bibi jikoni kwake, akaondoka nao anapunga. Bibi akacheka zaidi, akamwita arudi ale ugali.

Kalunguyeye akajikunjua. Hakuelewa.

Siku zikaenda. Kila akiamka, anasikia matusi. Nyani anamwambia Kanga kichwa chake kipara. Kanga anamwambia Nyani akajitazame nyuma kwanza, huko kunakong'aa. Halafu wanakaa kwenye chungu kimoja, wanakula. Lakini wakimfikia yeye, sauti zinashuka, migongo inainama.

"Mgeni wetu, umeamkaje?"

"Nimeamka salama. Niwasaidie kuchota maji?"

"Aa! Mgeni achote maji? Kaa, mgeni wetu."

"Basi nipalilie?"

"Mgeni apalilie? Tutachekwa! Kaa."

Akakaa. Alikaa mpaka makalio yakafa ganzi. Nyie mnaolalamika kumenya karanga, jaribuni kukaa hivyo. Mtu hagombezwi, hatumwi, haitwi hata mjinga mara moja. Kalunguyeye akaanza kuona uchungu moyoni, na hakujua ni uchungu wa nini, maana kila kitu alipewa kwa mikono miwili.

Tena hicho cha kupewa, kilikuwa na mwenyewe. Sheria ilikuwa kwamba chakula cha mgeni kinatoka ghalani, na kinapita mikononi mwa Fisi. Bakuli likitoka limejaa, Fisi anaonja kama kina chumvi. Anaonja tena kama ya mwanzo ilikuwa kweli. Likifika kwa Kalunguyeye limebaki na harufu tu ya chakula.

Siku moja akamwuliza Kanga, maana Kanga habari zote anazo, hata za kesho. "Dada Kanga, nikae mpaka lini ndipo niwe wa hapa?"

"Kwe-kwe-kwe! Wa hapa? Mgeni wetu anakaa mpaka mtama uingie ghalani. Ukishaingia tu, tunakusindikiza! Kwa ngoma! Kijiji kizima, mpaka korongoni, tunakupungia mkono, unakwenda kwenu. Ngoma ya kusindikiza mgeni hapa kwetu ni nzuri mno, utafurahi mwenyewe!"

"Kwetu kumeungua."

"Ndiyo, pole sana," akasema Kanga. "Lakini ngoma ni nzuri."

Kalunguyeye akautazama mtama. Ulikuwa umeshaanza kuinamisha vichwa. Akatazama ng'ambo ya korongo. Majivu, majivu, majivu, hakuna hata mchwa wa kula. Akavuka huko, amekufa. Na watamvusha kwa heshima zote, na watapunga mikono.

Hapo akapiga moyo konde. Akasema: nimeona wa hapa wanaishije. Wa hapa wanatukanana. Basi na mimi nitatukana.

Kesho yake Bibi Kobe alikuwa jikoni anakoroga mlenda, watu wamejaa. Kalunguyeye akasimama, akakohoa, akasema yaleyale ya Ngiri, kwa sauti ileile: "We bibi! Hicho chungu mgongoni utakitua lini? Au umekiiba unaogopa kukamatwa?"

Mwiko ukaanguka, ngwa! Kanga akaziba mdomo. Ngiri, Ngiri yuleyule, akakwaruza ardhi kwa kwato, pua inatoa moshi: "Nani huyo anamtukana mama yetu?"

Bibi Kobe akainua uso. Machozi yalikuwa yanamtoka, na haya hayakuwa ya kucheka. "Mgeni wetu," akasema polepole, "tumekukosea nini?"

Kalunguyeye akajikunja. Akakaa humo ndani ya mpira wake na aibu yake. Maneno ni yaleyale. Sauti ni ileile. Bibi ni yuleyule. Hakuelewa, hakuelewa, hakuelewa.

Kanga ndiye aliyemhurumia. Akamvutia pembeni. "Mgeni wetu, Ngiri na Bibi Kobe ni watani. Zamani babu yake Ngiri na babu yake Kobe waligombea dimbwi la matope. Waligombana vibaya, hawakusalimiana. Mwisho wakachoka, wakasameheana. Tangu hapo ukoo huu na ukoo huu wanatukanana na kunyang'anyana vitu, na kununa ni marufuku. Mtani akinuna, utani wake umevunjika, kijiji kinamcheka na kinamsindikiza yeye korongoni. Na mtu akifa, mtani wake ndiye mwenye msiba. Anamwigiza marehemu, anayasema mabaya yake, anagawa vitu vyake, na hakuna wa kumzuia. Mimi na Nyani vilevile, babu zetu waligombea njugu. Sasa mababu zako wewe waligombana na nani hapa?"

"Hawakugombana na mtu. Walikuwa wapole."

"Basi pole," akasema Kanga kwa masikitiko ya kweli.

Kalunguyeye akaenda chini ya mtama kufikiri. Kumbe kukubaliwa hapa kunataka ugomvi, na mababu zake hawakumwachia ugomvi wowote. Akafikiri, akajikunja, akajikunjua. Mwisho akarudi mbio, chaka-chaka-chaka.

"Dada Kanga! Fisi naye mtani wake ni nani?"

"Fisi? Hana."

"Kwa nini? Mababu zake hawakugombana na mtu?"

"Waligombana na wote. Ila wale waliogombana nao wakaliwa. Hakubaki wa kusameheana naye."

Hapo ndipo kibarua kilipoanza. Kalunguyeye akaenda ghalani. Akamkuta Fisi amelala chali mlangoni, anajichokonoa meno.

"Shikamoo, Mzee Fisi."

"Marahaba. Chakula chako nimeshakionja."

"Nashukuru. Sikuja kwa chakula. Nimekuja kukwambia kuwa mimi na wewe ni watani. Babu yako alimmeza babu yangu. Babu yangu akajikunja humohumo kooni. Babu yako akamtema. Wakagombana, wakasameheana."

Hiyo ilikuwa kweli? Mimi nitajuaje, nilikuwepo? Fisi naye hakuuliza ukweli. Aliuliza lake. "Ngoja kwanza. Mtani wangu ninaruhusiwa kumnyang'anya vitu?"

"Unaruhusiwa."

"Na yeye haruhusiwi kununa?"

"Haruhusiwi."

"Huuu-wii!" Fisi akaruka juu. Akaenda katikati ya kijiji, akatangaza mbele ya wote, akala kiapo kwa mate na vumbi, kama ilivyo desturi yao: "Kalunguyeye ni mtani wangu! Nikinuna, mnisindikize!" Halafu hapohapo akachukua kigoda cha Kalunguyeye.

"Mtani huyo!" akasema Fisi.

"Ha ha," akacheka Kalunguyeye. Akakaa chini.

Kesho yake Fisi akachukua bakuli lote, bila hata kujisumbua kuonja.

"Mtani huyo!"

"Ha ha," akacheka Kalunguyeye. Tumbo likanguruma.

Kesho yake akachukua mkeka.

"Mtani huyo!"

"Ha ha," akacheka Kalunguyeye. Akaenda kulala kwenye shimo la panya chini ya nyumba ya Fisi, maana hakuwa na mahali pengine pa kulala.

Sasa akasubiri kukubaliwa. Wapi! Watu wakapita, wakainamisha migongo: "Mgeni wetu, umeamkaje? Mgeni wetu, pole na utani." Akamfuata Bibi Kobe, ambaye tangu siku ile ya mlenda alikuwa anamwamkia kwa heshima ya kutisha kabisa.

"Bibi, mimi si nina mtani sasa? Mbona bado ni mgeni?"

"Tunaona anachukua yeye tu, mgeni wetu. Wewe humchukulii kitu. Utani huo bado hatujauona."

Akajaribu. Akaokota mfupa wa Fisi, mmoja tu, mkavu. Fisi akatazama kulia, akatazama kushoto, akaona hakuna mtu. Akamwinamia sikioni: "Rrrrr! Rudisha, ama nikumeze na miba yako." Kalunguyeye akarudisha. Mbele ya kadamnasi Fisi anacheka, pembeni anang'ata. Kalunguyeye hakuelewa huo ni utani wa aina gani.

Na kule shimoni, usingizi haukuja, akawa anachungulia kwenye ufa. Akaona nyuma ya kitanda cha Fisi vibuyu vya asali. Akaona nyama iliyokaushwa. Akaona magunia ya mtama wa mwaka jana, yale ambayo kijiji kiliambiwa yameliwa na panya. Panya mwenyewe alikuwa amekonda yuko shimoni pale pembeni. Kalunguyeye akasema, labda ndivyo mlinzi wa ghala anavyolinda huku. Mila za watu hizi, mtu utazijulia wapi?

Mtama ukavunwa. Ukaingia ghalani, puu, puu, puu. Siku ya kusindikiza ikafika, na asubuhi na mapema ngoma ikawekwa juani ikazwe. Kila nyumba ilipika: kunde huku, ugali kule, kisamvu cha karanga, maboga. Kalunguyeye akafunga kifurushi chake. Ndani hamkuwa na kitu, Fisi alishachukua. Akafunga hivyohivyo, mtu haondoki mikono mitupu.

Sasa hapa nawanong'oneza ninyi, Kalunguyeye mwenyewe hajaambiwa. Fisi alinusa vyungu vile vyote, mate yakamjaa mdomoni. Akawaza: chakula hiki kinakwenda kuliwa na kila mtu. Lakini kukiwa na msiba, ngoma inasimama, vyungu vyote vinaletwa kwa marehemu, vinawekwa ndani, watu wanakwenda kuchimba kaburi. Marehemu anabaki na vyungu. Basi akalala sakafuni, akatoa ulimi, akageuza macho. Akafa.

"Kwe-kwe-kwe! Jamani! Fisi amekufa!" Kanga huyo, nyumba kwa nyumba.

Watu wakaja. Vilio, iyooo! Vyungu vikaja navyo, vikapangwa kando ya marehemu, mvuke unapanda. Kalunguyeye akaingia na kifurushi chake. Hakujua asimame wapi. Kwa udogo wake alikuwa usawa wa shingo ya Fisi, na akaiona shingo ile inafanya kitu.

Gulp.

Akatazama tena. Kifuniko cha kunde kikafunuliwa. Gulp.

Akajikunja, akajikunjua. Akamvuta Bibi Kobe taratibu. "Bibi, samahani. Hapa kwenu, marehemu humeza mate?"

Ngiri akapasuka kicheko, "Kho-kho-kho! Mtani ameanza!" Na Kanga: "Ee! Fisi ana mtani! Tulikuwa tunalia bure, mwenye msiba huyu hapa!" Wakamkamata Kalunguyeye, wakampaka unga usoni, wakamweka juu ya kinu. "Mtani, kazi kwako!"

"Kazi gani?" Alikuwa anauliza kweli. Yeye swali lake halijajibiwa.

"Mseme! Mgawe! Leo hakuna wa kukuzuia!"

Kalunguyeye akatazama umati. Akamtazama marehemu. Sikio la marehemu lilikuwa limesimama. Na hapo, wanangu, yale yote yaliyomchanganya tangu avuke korongo yakakaa mahali pake, moja baada ya jingine. Akaelewa. Hata miba ikamsimama.

"Jamani!" akasema. "Marehemu alikuwa mkarimu!"

"Aliku-waaa?" wakaitika wanakijiji.

"Nyuma ya kitanda chake ametuwekea asali. Marehemu, unakataa nisigawe?"

Fisi kimya. Afanyeje? Amekufa.

"Hakatai! Bebeni!"

Vibuyu vikatoka. Watu macho yakawatoka.

"Kuna nyama kavu chini ya mkeka, na mkeka ni wangu. Marehemu, unakataa nisigawe?"

Fisi kimya. Mguu mmoja ukatetemeka.

"Hakatai! Bebeni!"

Nyama ikatoka.

"Kuna magunia ya mtama wa mwaka jana, ule ulioliwa na panya. Marehemu, unakataa nisigawe?"

Fisi akatoa mlio mdogo puani, nnnn.

"Anaagiza tusibakize hata punje! Bebeni!"

Magunia yakatoka, na minong'ono nayo ikatoka, maana mwaka jana watu walilala njaa hapo. Vyungu navyo Kalunguyeye akaamuru vitolewe nje, viliwe juani. Harufu ya kunde ikapita juu ya pua ya Fisi, ikatoka mlangoni, ikaenda. Chozi likamtoka Fisi kwenye kona ya jicho.

"Tazameni, marehemu anatulilia," akasema Kalunguyeye. "Mtani wangu nimpe joto kidogo kabla hajaingia ardhini." Akashuka kinuni, akaenda taratibu mpaka chini ya makalio ya Fisi. Akajikunja.

Fyu!

"UWIIIIII!"

Fisi aliruka akagonga dari. Ngiri alichomokea mlangoni, Nyani dirishani, Kanga akazirai palepale. Fisi akatua, meno yote nje, akamfuata Kalunguyeye amtafune. Mpira ule mdogo ukabingirika mpaka uwanjani, katikati ya watu wanaokula, na Fisi nyuma yake.

Watu wakakimbia. Halafu wakasimama. Halafu wakarudi, mmoja mmoja, wakamzunguka Fisi. Mikononi wana vipande vya nyama yake.

"Fisi," akasema Bibi Kobe, "umenuna?"

"Mimi? Sijanuna!"

"Ulikula kiapo kwamba ukinuna tukusindikize. Ngoma imeshakazwa."

"Sijanuna, nimesema!"

"Mbona meno nje?"

Fisi akatazama ngoma. Akatazama korongo na majivu ya ng'ambo. "Meno? Ni... ninacheka!"

"Cheka tusikie."

"Hi... hi-hi... hi-hi-hiiiii."

Na mpaka leo Fisi anacheka kicheko hichohicho. Msikilizeni vizuri jioni akipita, mniambie kama kuna furaha mle ndani. Ufunguo wa ghala akapewa Panya, ambaye alikuwa amesingiziwa vya kutosha.

Sasa mngefikiri Kalunguyeye alikaa, akala, akashangilia. Hapana. Yeye alikwenda akaokota kifurushi chake kitupu, akajifuta unga, akaenda kusimama kando ya ngoma. Mtama si umeingia? Siku si ndiyo hii? Alisimama pale akingoja wampigie, wamsindikize, wapunge mikono. Watu walikuwa wanakula, hakuna aliyemtazama. Moyo ulikuwa unamuuma, nawaambia, unamuuma sana. Akaona afadhali aanze kutembea mwenyewe.

"Na wewe, mfuko wa sindano!"

Ilikuwa sauti ya Bibi Kobe. Kali, kijiji kizima kikageuka.

"Wewe mwenye pua ya kuchimbia viazi! Umesimama hapo unangoja ubebwe? Mtungi wangu mkavu, watu wanakabwa na ugali, na mtu mzima umekumbatia kifurushi! Kachote maji!"

Kalunguyeye akageuka nyuma kuona anayeambiwa ni nani. Hapakuwa na mtu.

"Bibi," akasema, "unaniambia mimi?"

"Kuna mfuko mwingine wa sindano hapa?"

"Lakini... babu zetu hawakugombana."

"Babu zetu tuwaache walale. Wewe na mimi hatukugombana? Nani alinitukana jikoni kwangu nikalia kwenye mlenda? Ule haukuwa ugomvi? Basi nimekusamehe. Sasa unanuna?"

"Sinuni, bibi!" Na machozi yanamtoka, haya ndiyo ya kwelikweli. Akadondosha kifurushi, akanyakua mtungi unaomzidi kimo, akakimbia nao kisimani, chaka-chaka-chaka. Alipofika mbali kidogo akasimama, akapata ujasiri, akageuka akapiga kelele:

"We bibi! Hicho chungu mgongoni utakitua lini?"

Kijiji kizima kikacheka, Bibi Kobe akamrushia mwiko. Ukampata, tena kwenye miba, ukanasa. Akaenda nao kisimani hivyohivyo.

Basi, funzo la hadithi hii, mlishike vizuri. Kwanza: mgeni akija kwenu, mheshimuni sana, mpeni kigoda, asiguse kazi, asitaniwe hata kidogo, ili ajisikie yuko nyumbani. Pili: kamwe usimtukane mtu mzima jikoni kwake, hakuna jema litakalotoka humo. Tatu: ukiamua kufa, tulia.

Nini, Nyamizi? Hadithi haisemi hivyo? Wewe nani alikuuliza, kichwa kama kibuyu cha togwa? Menya karanga huko. Na wewe uliyehamia juzi kwa kina Mabula, umekaa unatabasamu tu tangu mwanzo, ungo huo hapo mbele yako ni pambo? Vuta, menya, mvivu mkubwa we.

Hadithi imetoka mlangoni!
— Tumeiona mgongo!
Imesahau nini?
— Uongo wake!
Akiuokota mtu?
— Asindikizwe korongoni, kwa ngoma!